Je, Wajua Kwa Nini Baadhi ya Wanaojirekodi Maisha Yao Hurekodi Kidogo Sana?

Ukisikia kwamba kuna wasanii wanaorekodi maisha yao ya kila siku kwa miaka 30 au 50, unaweza kudhani kamera zao hazizimwi. Unamuona mtu kaegesha simu jikoni tangu alfajiri, inameza kila kinachopita. Sivyo. Baadhi yao ni wabahili kweli, na ubahili huo ndio unaoibeba kazi.

Dhana ya kurekodi yote inavutia kwa sababu inaonekana ya haki: hujaficha kitu. Sasa piga hesabu. Dakika 10 kwa siku ni saa 60 na ushei kwa mwaka. Kwa miaka 10 zinapita 600. Ukikaa kuzitazama saa 8 kila siku, miezi miwili na nusu imekwenda, na hujakata hata kipande. Ukirekodi siku nzima, utahitaji siku nyingine nzima ya kuitazama (na hiyo nayo nani atairekodi?). Watu husema hifadhi tu, utachagua baadaye. Baadaye ndiyo huwa haifiki. Sekunde 1 kwa siku, kwa miaka hiyohiyo 10, ni saa 1 tu.

Jonas Mekas, mtengenezaji filamu mzaliwa wa Lithuania, alifika New York mwaka 1949, na muda si mrefu akapata kamera ya Bolex. Ilikuwa ya springi ya kukaza kwa mkono: ukiikaza hadi mwisho inakwenda kama nusu dakika, inasimama. Mkanda wa futi 100 haukufika dakika 3. Akazoea kunasa vipande vifupifupi, vingine vya kupepesa jicho, na hakuiacha kazi hiyo hadi uzeeni. Alifariki 2019 akiwa na miaka 96.

Kipande kifupi kinawezaje kubeba siku? Nenda soko la Tandale, Dar es Salaam, uone mchele unavyonunuliwa. Mnunuzi hamwagi gunia. Anachoma bambo, kile chuma chenye ncha na mfereji, punje chache zinateremka kiganjani, anazitazama, anatafuna moja. Ila mjanja hachomi juu peke yake. Anachoma ubavuni, anachoma na chini, maana wauzaji nao wanajua anachomea wapi. Anayerekodi harusi na sikukuu tu amechoma juu ya gunia. Jumanne ya foleni nayo inataka bambo lake.

Na Dar huilipa Jumanne hiyo haraka. Chukua klipu ya sekunde 6 ya mwaka 2015: konda anagonga bati la daladala pale Ubungo, anaita Kariakoo. Mrekodi alimlenga konda. Leo jicho linakimbilia nyuma yake, kwenye makutano ambayo bado hayakuwa na barabara za juu, na mabasi ya mikoani yakiingia stendi ambayo mwaka 2021 ilihamia Mbezi Luis.

Je, kurekodi kunaua kumbukumbu? Mwaka 2014 mtafiti Linda Henkel alichapisha majaribio aliyofanya katika jumba la makumbusho nchini Marekani: waliopiga picha ya kitu kizima walikikumbuka kidogo kuliko waliokitazama tu. Lakini zilikuwa picha za mnato, na walipimwa kesho yake, si baada ya miaka 20. Cha ajabu zaidi, waliovuta kamera (zoom) kwenye sehemu moja tu ya kitu hawakupungukiwa kumbukumbu, hata ya sehemu ambazo hazikuingia kwenye picha.