Je, Wajua Jina la R&B Lilitoka Wapi?

Mpenzi wa muziki akiulizwa R&B ni nini, kwa kawaida hujibu kwa kueleza sauti: mwimbaji anayevuta silabi moja juu ya noti nyingi, besi laini, maneno ya mapenzi. Lakini jina hilo, ambalo kwa ukamilifu wake ni rhythm and blues, yaani mdundo na bluzi (muziki wa huzuni wa Wamarekani weusi), halikutungwa na mwanamuziki wala halikukusudiwa kueleza sauti fulani. Lilizaliwa katika gazeti, ili kubadilisha kichwa cha jedwali la mauzo, na jedwali lenyewe lilipanga santuri kwa kufuata rangi ya watu waliozinunua.

Gazeti hilo ni Billboard, linalosomwa na wafanyabiashara wa muziki nchini Marekani. Tarehe 25 Juni 1949, chati yake ya soko la watu weusi, ambayo tangu mwaka 1945 ilikuwa ikiitwa Race Records, ilichapishwa kwa jina jipya la Rhythm & Blues. Aliyelileta jina hilo ni mwandishi wake mmoja, Jerry Wexler. Maneno yenyewe hakuyaokota hewani, kwa kuwa mwaka 1948 kampuni ya RCA Victor ilikuwa tayari ikiuza santuri za namna hiyo kwa jina la "blues and rhythm". Wexler aliyapindua tu, na kusema kweli kwa mpangilio wake yanatamkika vizuri zaidi.

Jina lililoondolewa lilikuwa na historia ndefu. Mwaka 1920 mwimbaji Mamie Smith alirekodi "Crazy Blues" kwa kampuni ya Okeh, na santuri hiyo iliponunuliwa kwa makumi ya maelfu, kampuni ziligundua kwamba watu weusi walikuwa wateja ambao hakuna aliyekuwa akiwauzia chochote chao. Zikaanzisha orodha maalumu za "race", neno linalotaja asili ya mtu kwa rangi yake. Wakati huo halikuwa tusi. Hata magazeti ya watu weusi yalilitumia kwa fahari kumtaja mtu anayeitetea jamii yake. Hata hivyo, baada ya Vita Kuu ya Pili, ambayo askari weusi walikuwa wamekwenda kupigana dhidi ya utawala uliowapanga watu kwa asili zao, neno hilo lilianza kukera masikio.

Soko hilo lilikuwa limekua kwa sababu watu walikuwa wamehama. Kati ya miaka ya 1910 na 1970, Wamarekani weusi wapatao milioni 6 waliondoka majimbo ya Kusini kwenda Chicago, Detroit, New York, Los Angeles na miji mingine yenye viwanda. Walikwenda na bluzi ya mashambani, lakini katika baa ya mjini yenye kelele, gitaa kavu la mtu mmoja halikusikika. Likaingia gitaa la umeme, saksafoni ikachukua nafasi ya mbele, na dramu zikapigwa kwa nguvu ili watu wacheze. Vita navyo vilisaidia kwa njia isiyotarajiwa. Bendi kubwa za jazi zilipungukiwa na wapigaji na kuwa ghali kuzisafirisha, hivyo vikundi vya watu watano hadi saba vikachukua nafasi zao.

Bingwa wa vikundi hivyo alikuwa Louis Jordan, mpiga saksafoni na mwimbaji mcheshi kutoka Brinkley, Arkansas, aliyeongoza bendi ya Tympany Five. Nyimbo zake 18 zilishika nafasi ya kwanza. La kuvutia zaidi ni kwamba alifika kileleni chati hiyo ilipoitwa Harlem Hit Parade, jina ililoanza nalo mwaka 1942 kwa kutaja Harlem, mtaa wa watu weusi mjini New York, akafika tena ilipoitwa Race Records, na akafika tena ilipoitwa Rhythm & Blues. Kichwa cha jedwali kilibadilika, lakini muziki wake haukubadilika. Na anayedhani bado kwamba chati hiyo ilipima aina ya muziki akumbuke kuwa Bing Crosby, mwimbaji mzungu, aliongoza Harlem Hit Parade kwa wimbo wake wa Krismasi wa mwaka 1942. Watu wa Harlem waliununua, basi ukaingia.

Wexler mwenyewe aliacha uandishi, na mwaka 1953 akajiunga na Atlantic Records, kampuni iliyoanzishwa mwaka 1947 na Herb Abramson pamoja na Ahmet Ertegun, mtoto wa balozi wa Uturuki. Kampuni hiyo changa ilisimama kwa mauzo ya mwimbaji Ruth Brown kiasi kwamba ilitaniwa kuwa ni nyumba iliyojengwa na Ruth. Mjenzi huyo, umaarufu wake ulipopungua, alifanya kazi za ndani na kuendesha basi la shule, na ilimbidi apambane miaka mingi kudai mrabaha wake. Mapambano hayo yalichangia kuundwa kwa taasisi ya kuwasaidia wanamuziki wa R&B, Rhythm and Blues Foundation, mwaka 1988.

Ni katika kampuni hiyohiyo ambapo jina la Wexler lilianza kubeba sauti ambazo yeye hakuwa amezifikiria mwaka 1949. Ray Charles, aliyekuwa kipofu tangu utotoni, alichukua mwendo wa wimbo wa injili, akaondoa maneno ya kanisani na kuweka ya mwanamke. Hivyo ndivyo "I Got a Woman" ya mwaka 1954 ilivyopatikana, na baadhi ya waumini hawakumsamehe. Kwa upande mwingine, vijana wa kizungu walianza kununua muziki uleule ukiitwa rock and roll. "Hound Dog" ya mwimbaji mweusi Big Mama Thornton iliongoza chati ya R&B mwaka 1953; miaka mitatu baadaye mwimbaji mzungu Elvis Presley aliurekodi wimbo huohuo, naye akaongoza chati ya watu wote na ya R&B pia.

Baada ya hapo mipaka ya soko ikawa vigumu kuichora, na gazeti lilihangaika waziwazi. Kuanzia mwishoni mwa mwaka 1963 hadi mwanzoni mwa 1965 liliacha kabisa kuchapisha chati ya R&B. Ilirudi, kisha mwaka 1969 ikaitwa Soul, neno lililokuwa likitumika kwa waimbaji kama Aretha Franklin, ambaye Wexler ndiye aliyemsimamia studio alipovuma mwaka 1967. Mwaka 1982 iliitwa Black bila kificho, na mwaka 1990 jina la R&B likarudishwa juu ya nyimbo ambazo Louis Jordan, aliyefariki mwaka 1975, huenda asingezitambua. Mwaka 1999 likaongezewa neno hip-hop ubavuni.