Je, wajua ubao wa shanga ulivyotunza historia ya ufalme mzima?

Mtu aliyezoea tasbihi haitazami. Kidole kinagusa punje, ulimi unajua kinachofuata. Sasa chukua punje hizo, zitandaze juu ya ubao, kisha moja ifanye mfalme, nyingine mji wake, na mstari mzima uwe safari ya mababu. Hapo umeikaribia lukasa.

Lukasa ni kifaa cha kumbukumbu cha Waluba, ambao ufalme wao ulikuwa kusini-mashariki mwa Kongo ya leo, kwenye bonde la Upemba lenye maziwa na vinamasi kando ya mto Lualaba. Hawakuandika kwa herufi, lakini nasaba za wafalme, mipaka na miiko ya ikulu havikupotea.

Ubao wenyewe ni mdogo, unatosha kiganjani, umebanwa kidogo katikati kama kiuno. Upande wa mbele umejaa shanga za kioo na kauri. Kauri hutoka baharini, na bahari iko mbali sana na Upemba. Zilipita mikononi mwa wafanyabiashara wengi kabla ya kufika huko. Upande wa nyuma umechongwa mistari kama gamba la kobe. Msemaji wa Kiswahili akisikia “lukasa” huenda akamfikiria kasa, lakini jina hilo kwa Kiluba hufasiriwa kuwa “mkono mrefu”. Kobe ana sababu yake nyingine: ni sura ya Lolo Inang'ombe, mama wa kiroho wa Mbudye, chama cha watunza kumbukumbu za ufalme.

Na Mbudye ndio wenye ubao. Mtu hakuingia tu akaanza kusoma. Alipita jando la chama, daraja baada ya daraja, na usomaji wa lukasa ulikuwa elimu ya daraja za juu. Msomaji hushika ubao kwa mkono wa kushoto, kidole cha shahada cha mkono wa kulia kikatembea juu ya shanga huku yeye akisimulia au kuimba. Shanga kubwa iliyozungukwa na ndogo huweza kuwa mtawala na watu wake. Mstari wa shanga ni njia.

Kidole kikifika kwa Nkongolo, mtawala mkatili ambaye masimulizi humwita mwekundu, kisa kinafunguka. Mwindaji Mbidi Kiluwe, mweusi wa kung'aa, alitoka mashariki akazaa na dada yake Nkongolo mtoto aitwaye Kalala Ilunga. Kijana akawa shujaa, mjomba akaona wivu. Akachimba shimo, akasimika mikuki ndani, akafunika kwa mkeka, kisha akamwalika mpwawe aje acheze ngoma. Mpiga ngoma akamwonya kwa mdundo, naye akanusurika, akaja kuanzisha ukoo wa wafalme. Haya yote yanaweza kukaa kwenye shanga chache.

Yanakaaje? Kwa maoni yangu, siri ni kwamba ubao haukubeba maneno. Ulibeba mahali pa kuyakuta. Binadamu hukumbuka mahali kwa urahisi kuliko orodha: ukipita mtaa uliokulia, kila kona inakurudishia jambo. Lukasa iliutia mtaa huo kiganjani, ikaongeza mguso na wimbo, kama vile vina na mizani vinavyomshika mkono msomaji wa utenzi asipotee. Shanga ileile iliweza kusimama kwa mtu, mahali au tukio, kwa hiyo mabingwa wawili wangeweza kusoma ubao mmoja kwa namna mbili, kila mmoja akilenga jambo lililoletwa barazani siku hiyo. Wengine wataona huo ni udhaifu. Mimi naona ndiyo sababu historia hiyo ilibaki ikitumika, kwa kuwa ilijibu swali la aliye mbele yake.

Waluba walikwenda mbali zaidi ya ubao. Mfalme alipofariki, makao yake yaligeuka mahali patakatifu, na mwanamke aliyeitwa Mwadi akapandwa na roho ya marehemu. Mfalme aliendelea kusema kupitia kwake, akiwa na ikulu na vyeo vyake.

Leo baadhi ya mbao hizo zimo kwenye makumbusho ya Ulaya na Marekani, ikiwemo Brooklyn Museum huko New York. Zimewekwa nyuma ya kioo, ambako kidole hakifiki.