Kamera haimponyi manusura

Tangu makaburi ya msitu wa Shakahola, ya waumini walioambiwa wafunge hadi kufa, yaanze kufukuliwa, Aprili 2023, wapiga filamu hawakatiki hapa Malindi, na karibu wote huja na wimbo mmoja: "Mwache aseme yote, atoe yaliyo moyoni, atapona." Nimechoka kumjibu kila mmoja peke yake.

Mapitio ya Cochrane, mtandao wa watafiti wanaopima ushahidi wa tiba, ya mwaka 2002 yalichambua majaribio ya kumkalisha manusura kikao kimoja ili asimulie yaliyomfika. Kikao hicho hakikuzuia maradhi ya kiwewe, na Shirika la Afya Duniani halikipendekezi. Na waliokiendesha walikuwa wahudumu waliofunzwa. Wewe una taa mbili na ndege ya saa kumi. Wapo wanaosema wamepata nafuu baada ya kurekodiwa, siwabishii. Ila ni kamera, au ni kule kusikilizwa tu? Shaka hiyo haijaniondoka.

Maswali, kwa ufupi. "Ulijisikiaje?" lifute, uliza alichoona na alichosikia. Shoah Foundation, iliyoanzishwa 1994 kurekodi manusura wa mauaji ya Wayahudi, huhoji maisha ya kabla, ya wakati wa balaa, na ya baadaye. Nyinyi mwaanzia kaburini na kuishia kaburini! Nusu saa ya mwisho iwe ya mambo ya leo, shamba, watoto, biashara, ndipo umvue maiki. Kubalianeni ishara mapema: akiinua mkono, kamera inazimwa, si kushushwa huku taa nyekundu inawaka. Akilia, usimsogezee lenzi. Nyamaza, kisha muulize kama anataka kuendelea.

Lakini linaloniudhi hasa ni "tutamficha uso." Katika mji mdogo kama Lamu? Mtu wa mitaa yake ya Langoni au Mkomani hutambuliwa kwa sauti, kwa kikohozi, kwa pete, kwa jina la kanga aliyojitanda, hata kwa mlango ulio nyuma yake. Ukungu usoni humficha kwa mtazamaji wa Nairobi, ambaye hamjui hata hivyo. Jirani anayemwogopa atamjua kabla hajamaliza sentensi ya kwanza. Sauti iliyokorogwa kwa kompyuta nayo huweza kurudishwa. Andika maneno yake, mtu mwingine ayasome. Piga picha mikono ya mwingine, nyumba nyingine. Ondoa idadi ya watoto, kazi ya mume, jina la msikiti. Futa mahali na saa zilizojificha ndani ya faili, na faili asilia zifungie kwa nywila. Hatari itapungua, haitakwisha, na mwambie hivyo hivyo kabla hajasaini.

Saini yenyewe si mwisho. Sheria ya Kenya ya Ulinzi wa Data ya 2019 inamruhusu kuondoa ridhaa. Muulize kabla ya kurekodi, muulize tena kesho yake, na mara ya tatu akishaiona filamu iliyohaririwa, wakati bado inaweza kukatwa.

Nauli na ujira wa siku aliyoacha kazi mlipe kabla, asije akadhani analipwa kwa machozi. Zaidi ya hapo bado sijatulia: ukimpa kidogo umemnyonya, ukimpa kingi huenda akaona haya kukataa swali.