Ngata ya Taifa: Ufalme wa Wazulu Ulivyofungwa na Ulivyofunguliwa

Wakitajwa Wazulu, wengi hukumbuka Shaka na iklwa, mkuki wake mfupi wa kuchomea. Mkuki ulikuwapo, na uliua. Ila mkuki hauwezi kuwaweka pamoja watu wa koo mbalimbali kwa zaidi ya miaka sitini. Shaka kaSenzangakhona aliposhika kiti cha baba yake mwaka 1816, Wazulu walikuwa ukoo mdogo chini ya Dingiswayo wa Wamthethwa. Uliokuja kuitwa ufalme ulisimama kwa sababu mfalme alishika vitu vitatu: vijana, ng'ombe na ndoa.

Alama ya jambo hilo ilikuwa inkatha. Msomaji wa Kiswahili hahitaji mkalimani: ni kata ileile, au ngata, inayotiwa kichwani kabla ya kujitwika mzigo. Inkatha ya taifa ilisukwa kwa nyasi na kufungwa ngozi ya chatu, na ndani yake mlitiwa vitu vilivyotoka kwenye miili ya wafalme na kwa watu waliotawaliwa. Ilirithiwa mfalme kwa mfalme na kutunzwa katika mji wa esiKlebheni.

Kamba iliyofunga watu wenyewe ni amabutho, yaani vikosi vya rika; kimoja huitwa ibutho. Vijana wa rika moja kutoka koo zote waliitwa na mfalme, wakapewa jina la ibutho lao na rangi ya ngao zao. Waliishi katika ikhanda, kambi ya nyumba za nyasi zilizozunguka zizi kubwa. Ngao zilikatwa kwenye ngozi za ng'ombe wa mfalme na zilibaki mali yake. Vita vilikuwa sehemu ndogo ya kazi yao. Muda mwingi walilima mashamba ya mfalme, walichunga, waliwinda na kujenga.

Hakuna aliyeoa mpaka mfalme alipotoa ruhusa kwa ibutho zima, mara nyingi wanaume wakiwa na miaka 35 au zaidi. Ndipo waliposhonewa isicoco, duara la kichwani la mtu mzima. Wasichana nao walikuwa na amabutho yao, wakielekezwa waolewe na wanaume wa ibutho fulani. Hesabu yake ni nyepesi: asiyeoa hana mji wake, na nguvu ambazo angezitumia kwa mke, watoto na shamba zinabaki mikononi mwa mfalme.

Mfumo huo ulikuwa na uchungu wake. Mwaka 1876 wasichana wa ibutho la iNgcugce walikataa kuolewa na wanaume waliowazidi sana umri, wengi wakiwa tayari na wapenzi. Mfalme Cetshwayo aliamuru adhabu, na baadhi yao waliuawa. Habari hiyo isifichwe na anayewapenda Wazulu, wala isitumiwe kuhalalisha yaliyofuata.

Yaliyofuata ni masharti ya Waingereza ya tarehe 11 Desemba 1878. Moja lilimtaka Cetshwayo avunje amabutho na awaache vijana waoe. Waliijua kamba ya kukata. Tarehe 22 Januari 1879 Wazulu waliishinda kambi ya Isandlwana, ambako zaidi ya watu 1,300 wa upande wa Waingereza waliuawa. Juni mwaka huo esiKlebheni ilichomwa moto, inkatha ikateketea. Tarehe 4 Julai vita viliisha Ulundi, mji mkuu wa Cetshwayo, kwa Wazulu kushindwa. Nchi ikakatwa vipande 13 chini ya watawala 13, mmoja wao John Dunn, mfanyabiashara mzungu. Wazulu wakauana wao kwa wao, na mwaka 1887 Uingereza ikaitwaa nchi yao rasmi.

Hapa Tanzania kuna kosa linalorudiwa: kwamba Wangoni wa Songea ni Wazulu. Zwangendaba, aliyeongoza msafara uliovuka Zambezi mwaka 1835 na kufika Ufipa, alitoka upande wa Wandwandwe, maadui walioshindwa na Shaka. Amabutho hayakubuniwa na Shaka. Wandwandwe na Wamthethwa walikuwa nayo kabla yake. Ndiyo maana Wangoni walikuja na vikosi vya rika, ngao za ngozi na vyeo vya nkosi (mtawala) na nduna (mkuu aliye chini yake) bila kuwa raia wa mfalme wa Wazulu hata siku moja.

Fundo ambalo halijawahi kufungwa sawasawa ni la urithi. Mrithi hutoka indlunkulu, yaani nyumba kuu, wala si lazima awe mtoto wa kwanza kuzaliwa. Lakini wafalme walichelewesha kuitaja nyumba hiyo, maana mrithi aliyekomaa ni hatari kwa aliye kitini. Mwaka 1828 Shaka aliuawa na ndugu zake wa baba, Dingane na Mhlangana. Mwaka 1856 Cetshwayo na nduguye Mbuyazi walipigana Ndondakusuka baba yao Mpande akiwa hai, na maelfu walikufa kando ya mto Thukela, wanawake na watoto wakiwemo.

Leo mikuki imewapisha mawakili. Mfalme Goodwill Zwelithini alifariki Machi 2021. Wosia wake ulimwachia usimamizi wa kiti Malkia Mantfombi, binti wa Mfalme Sobhuza II wa Waswazi. Naye alifariki mwezi uliofuata, akimtaja mwanawe Misuzulu. Agosti 2022 Misuzulu aliingia zizini kuwaarifu wahenga, na Oktoba akapokea hati ya Rais wa Afrika Kusini mjini Durban. Kwa mila, kuingia zizini ndiko kunakomfanya mfalme. Kwa sheria, hati. Mwaka 2023 Mahakama Kuu ya Pretoria iliona Rais alikiuka utaratibu kwa kutochunguza kwanza malalamiko ya ndugu. Rais akakata rufaa.

Kinachogombewa ni kikubwa. Amana ya Ingonyama, iliyoundwa Aprili 1994 siku chache kabla ya uchaguzi wa kwanza wa watu wote, inamweka mfalme kuwa mdhamini wa takriban hekta milioni 2.8, karibu theluthi moja ya jimbo la KwaZulu-Natal. Wasimamizi wake walianza kuwageuza wakazi kuwa wapangaji wa kulipa kodi kila mwaka. Juni 2021 mahakama ya Pietermaritzburg ilisema ardhi hiyo imeshikwa kwa niaba ya wanaoikalia, mikataba hiyo ni kinyume cha sheria, na waliolipa warudishiwe fedha zao.