Andika Jina Kamili la Kemikali: "Soda" Haitoshi

Malalamiko yanayoifikia meza yetu ya uhakiki kila wiki ni ya waagizaji wanaouliza kwa nini ombi la kibali cha kuingiza kemikali limerudishwa ilhali fomu imejazwa yote. Mara nyingi mwombaji ameandika neno moja: "soda". Soda ipi? Sodiamu kaboneti ya viwanda vya glasi, sodiamu haidrojenikaboneti inayoumua maandazi, au sodiamu haidroksaidi, yaani kostiki, inayounguza ngozi na kupofusha macho? Zote tatu ni nyeupe, na zikiwa ndani ya mfuko hakuna anayeweza kuzitofautisha kwa kuzitazama.

Wapo wanaodai kwamba majina marefu ni ya darasani. Dai hilo si sahihi, na tumelijibu mara nyingi mno. Kanuni za IUPAC, shirikisho la kimataifa la wanakemia lililoanzishwa mwaka 1919, zinafanya jina lieleze kilichomo. Sodiamu nitreti na sodiamu nitraiti zinatofautiana kwa atomu moja tu ya oksijeni, lakini ya pili ina sumu kali zaidi, kwa kuwa huizuia damu kubeba oksijeni. Kwa hiyo anayekosea silabi moja ameomba kibali cha kemikali nyingine.

Mrututu unaonyesha jambo hili vizuri. Chenga za buluu ambazo wakulima wanazifahamu ni kopa(II) salfeti pentahaidreti. Namba ya Kirumi hutaja chaji ya shaba, na "pentahaidreti" hutaja molekuli tano za maji zilizofungwa ndani ya fuwele. Maji hayo yana uzito: katika kilo 100 za mrututu, chumvi kavu ni takriban kilo 64. Mwombaji anayeacha neno hilo la mwisho anatulazimisha kubahatisha kiasi, nasi haturuhusiwi kubahatisha.

Pamoja na jina, andika namba ya CAS, yaani namba ya utambulisho ya kimataifa ya kemikali hiyo, na uihakiki mwenyewe kabla ya kuwasilisha ombi. Weka kando tarakimu ya mwisho. Kisha, ukianzia kulia, zidisha tarakimu ya kwanza kwa 1, ya pili kwa 2, na kuendelea hivyo hadi ziishe, halafu jumlisha. Tarakimu ya mwisho ya jumla lazima ifanane na ile uliyoiweka kando. Kwa kostiki, 1310-73-2, tunapata 3, 14, 0, 4, 15 na 6, jumla 42, hivyo 2 ni sahihi. Jina na namba hiyo vilingane katika fomu, katika ankara na katika karatasi ya taarifa za usalama. Jina la kibiashara liandikwe kando yake, lisichukue nafasi yake.

Sheria ya Usimamizi na Udhibiti wa Kemikali za Viwandani na Majumbani, Na. 3 ya 2003 ya Tanzania, inaweka faini na kifungo kwa wanaokiuka masharti yake. Hata hivyo, kinachotusumbua zaidi ni mtengenezaji mdogo wa sabuni anayepima kostiki kutoka mfuko mkubwa na kuitia katika kopo la maziwa ya unga lisilo na maandishi yoyote mapya. Jina lililo kwenye mfuko linapaswa kuhamia kwenye kopo siku hiyohiyo, kwa wino usiofutika, likiambatana na alama ya hatari, kwa sababu mtoto atakayelifungua jikoni ataamini kwamba ndani yake mna maziwa.