Mahindi ya nazi

Mahindi ya nazi ni mahindi mabichi yaliyokatwa vipande pamoja na magunzi yake, yakapikwa kwa tui lenye viungo mpaka rojo zito likashika kila punje. Hupikwa Mombasa, Zanzibar na Dar es Salaam. Wahindi wa Afrika Mashariki hukiita chakula hiki makai paka, na wengi wao hutia karanga za kusaga.

Kazi kubwa ni kuchagua mahindi. Bonyeza punje kwa ukucha: yakitoka maziwa, yanafaa. Ukucha ukigoma kuingia, hayo peleka kwenye pure, yaani mahindi yanayochemshwa na maharage, kwani huchukua saa nyingi kulainika.

Kwa mahindi manne tumia nazi mbili. Kamua kikombe kimoja cha tui zito, kisha ongeza maji ukamue vikombe vitatu vya tui jepesi. Kata kila hindi vipande vinne kwa kisu kizito; gunzi ni gumu, na kisu chepesi huteleza kikaishia kidoleni. Chemsha mahindi kwa tui jepesi pamoja na chumvi, punje nne za kitunguu saumu na kipande cha tangawizi vilivyotwangwa, pilipili mbichi mbili zilizopasuliwa, na nusu kijiko cha chai cha bizari ya manjano na cha jira. Mahindi meupe ya kwetu huchukua dakika 30 hadi 45. Yale matamu ya manjano, dakika 10 tu.

Tui zito huingia mahindi yakishaiva, si kabla. Hapo ndipo wengi huharibu. Moto mkali hulikata tui: mafuta huelea juu, chini hubaki maji yenye chengachenga. Punguza moto, usifunike, koroga bila kuacha kwa dakika 5 hadi 8. Karanga, vijiko vitatu vya mezani, zikoroge kwanza na tui kidogo zisifanye madonge, nazo zitie hapa. Ndimu ni baada ya kuipua, kwani ukali wake nao hukata tui lililo motoni. Tui la kopo huvumilia zaidi, maana mengi hutiwa vizuia-kutengana, ila harufu yake haifikii ya nazi iliyokunwa.

Huliwa kwa mikono, na gunzi hufyonzwa, kwa kuwa ndilo lililokunywa tui kuliko punje. Yakilala, rojo huganda. Pasha kwa moto mdogo na maji vijiko viwili.