Muziki wa filamu na gemu: yanayosemwa Dar na ukweli wake

"Maliza kushuti kwanza, prodyuza atabandika biti mwishoni." Watengeneza filamu wengi wa Dar es Salaam bado wanaamini hivyo, na filamu zao zinaumia.

Ukweli ni kwamba mtunzi wa muziki hukaa na mwongozaji wakaitazama picha, wakakubaliana muziki uanze wapi na unyamaze wapi. Filamu hupita kwa fremu, yaani picha moja moja, 24 kila sekunde. Mlango ukibamizwa halafu ngoma ikachelewa fremu chache tu, mtazamaji anahisi kuna kitu hakijakaa sawa. Ukimya nao ni kazi ya mtunzi. Filamu zetu nyingi zinapigiwa kinanda mwanzo mwisho, hata pale mama anapolia msibani na kilio chake kingetosha kabisa.

Wengine hudhani gemu ni rahisi zaidi, eti ni wimbo mmoja unaojirudia. Kinyume chake! Dakika za filamu zinajulikana, lakini mchezaji wa gemu anaweza kuzubaa getini nusu saa au akavamia adui papo hapo. Kwa hiyo mtunzi hugawa muziki katika matabaka: ngoma peke yake, ala za nyuzi peke yake, kwaya peke yake. Programu huyaongeza au kuyapunguza kadiri hatari inavyosogea, na kila mchanganyiko unaotokea lazima usikike kama muziki uliokamilika. Hiyo ni hesabu ngumu, na naiheshimu mno.

Shule ya muziki? Inasaidia, ila Danny Elfman, mtunzi maarufu wa muziki wa filamu za Hollywood, alijifundisha mwenyewe.

Wanaosema Kiswahili hakina nafasi huko wausikilize "Baba Yetu". Christopher Tin, Mmarekani, aliutunga kwa ajili ya gemu ya Civilization IV ya mwaka 2005, maneno yake yakiwa Sala ya Bwana kwa Kiswahili. Mwaka 2011 ukawa muziki wa kwanza wa gemu kushinda Grammy, tuzo kubwa ya muziki ya Marekani. Sisi tunaoisali sala hiyo kila Jumapili, na wanakwaya tumejaa, tunasubiri nini?

Mwisho, kuchukua wimbo wa mtu YouTube na kutaja jina lake hakukupi ruhusa. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda mwenye kazi. Nawe mtunzi, kabla hujakabidhi faili, mkataba useme wazi: umeuza muziki moja kwa moja, au haki zimebaki kwako filamu ikienda kwenye televisheni?